Usitazame rejesho la mwezi peke yake

Mdogo wangu mpendwa,

Salamu nyingi kwako, kwa wifi yangu na kwa watoto. Mama mfikishie shikamoo yangu. Mimi huku ni mzima, kazi ni zilezile, na afya haina neno.

Ujumbe wako wa sauti nimeusikiliza hadi mwisho. Nimefurahi kusikia benki imekubali kuwapa mkopo wa nyumba. Umesema afisa mikopo anawashauri mchukue wa miaka 30 badala ya 20 kwa kuwa rejesho la mwezi litapungua, na wewe umeniuliza kama naweza kuwashika mkono kidogo kila mwezi. Hilo la kuwashika mkono nitalijibu huko mbele. Sikutaka kulijibu kwa simu, maana lina hesabu, na hesabu za kuambiana mdomoni zinapotea hewani.

Nimechukua mkopo wa mfano: milioni 10, riba ya asilimia 12 kwa mwaka, haibadiliki, na inatozwa kwenye deni lililobaki. Najua kiasi chenu ni kingine. Mkikopa mara tano ya hapo, zidisha kila tarakimu kwa tano, mambo yatabaki vilevile.

Kwa miaka 20, rejesho ni 110,109 kila mwezi. Kwa miaka 30, ni 102,861. Nafuu mnayopewa, basi, ni elfu saba na ushei kwa mwezi. Sasa jumlisha yote. Miezi 240 ya rejesho la kwanza inafika milioni 26.4. Miezi 360 ya rejesho la pili inafika milioni 37. Kwa hiyo, ili mpumue kwa hizo elfu saba, mnakubali kulipa milioni 10.6 zaidi, na mkopo wenyewe ulikuwa milioni 10! Mimi nilipoiona mara ya kwanza niliirudia hesabu nikidhani nimebonyeza vibaya.

Geuza upande wa pili. Ukifupisha muda ukawa miaka 15, rejesho linakuwa 120,017 na jumla inashuka hadi milioni 21.6. Mnaongeza kama elfu kumi kwa mwezi juu ya lile la miaka 20, mnaokoa milioni 4.8 na mnamaliza miaka mitano mapema. Afisa mikopo hajawadanganya, rejesho kweli linapungua. Ila ameanza na swali la "mnaweza kulipa kiasi gani kwa mwezi", na ukishaingia kwa mlango huo, jumla huioni kabisa. Muda ndio kitu ghali kuliko vyote katika mkataba ule, na ndicho kinachojazwa haraka haraka kama vile ni tarehe tu.

Ili uelewe kwa nini, omba benki jedwali la marejesho. Ni karatasi yenye mstari kwa kila mwezi, kuanzia wa kwanza hadi wa mwisho, na kila mstari unaonyesha rejesho limegawanywaje: kiasi gani riba, kiasi gani kinapunguza deni, na salio ni lipi. Tuusome mstari wa kwanza wa mkopo wetu wa miaka 20. Riba ya mwezi ni asilimia 1 ya deni, na deni bado ni milioni 10 kamili, kwa hiyo riba ni 100,000. Wewe umelipa 110,109. Kilichogusa deni ni 10,109 tu. Mwezi wa pili unadaiwa 9,989,891, riba inakuwa 99,899, na deni linapungua kwa 10,210. Umeona kinachotokea? Kila mwezi riba inalegea kidogo sana na deni linapungua kwa kiasi kinachozidi kidogo tu kile cha mwezi uliopita. Mwaka wa kwanza ukiisha mtakuwa mmetoa milioni 1.32, na deni litakuwa limepungua kwa 128,000.

Nenda sasa mpaka mwaka wa 10. Hapo watu husema, "tumefika nusu." Mmefika nusu ya muda, ndiyo, na mmelipa milioni 13.2, lakini salio ni milioni 7.67. Deni lenyewe linafika nusu karibu na mwisho wa mwaka wa 15. Ndiyo maana mtu anayeuza nyumba baada ya miaka sita au saba kwa sababu ya uhamisho wa kazi anashangaa akikuta benki inachukua sehemu kubwa ya fedha ya mauzo. Hakuna aliyemwibia. Alikuwa analipa riba. Mstari wa mwisho kabisa wa jedwali unafurahisha: riba 1,090 na deni 109,018. Laiti mistari yote ingekuwa hivyo.

Haya, hapo nimechukulia kwamba riba haibadiliki. Mkataba wenu je? Ulizeni kama riba imefungwa, imefungwa kwa miaka mingapi, na baada ya hapo inafuata nini. Kwenye mfano wetu, ikipanda tangu mwanzo kutoka asilimia 12 hadi 14, rejesho la miaka 20 linaruka hadi 124,352. Na riba hupanda kweli. Uingereza, Benki Kuu yao ilikuwa imeiweka riba yake kwenye asilimia 0.1 mpaka Desemba 2021, na kufikia Agosti 2023 ilikuwa asilimia 5.25. Wengi kule hufunga riba ya mkopo wa nyumba kwa miaka 2 au 5 tu. Waliofikia ukomo wa kipindi chao wakati huo walirudi mezani wakakuta rejesho jipya si lile walilolizoea, na mishahara haikuwasubiri. Kabla hamjasaini, pigeni hesabu ya rejesho kwa riba iliyo juu kwa pointi 3 kuliko ya leo, yaani kama leo ni asilimia 12, pigeni kwa 15. Kama nyumba nzima itakosa pumzi, huo mkopo ni mkubwa mno kwenu.

Umegusia pia kwamba mngeweza kukopa kwa fedha za kigeni kwa sababu riba yake ni ndogo na mimi nalipwa huku. Hapana, mdogo wangu. Hilo naomba mlifute. Polandi watu wengi walikopa nyumba kwa faranga za Uswisi kwa sababu hiyohiyo, huku mishahara yao ni ya zloti, fedha ya kwao. Tarehe 15 Januari 2015 benki kuu ya Uswisi iliacha kuizuia faranga isipande dhidi ya yuro. Ikapanda siku hiyohiyo, na deni la watu wale likapanda pamoja nayo bila wao kukopa hata senti moja zaidi. Mshahara wangu si dhamana ya thamani ya fedha, na wala hatujui nitakuwa na kazi hii kwa miaka 20. Kopeni kwa fedha mnayolipwa.

Ulizeni pia riba inapigwa juu ya nini. Ikipigwa juu ya salio, ni hizo hesabu nilizokuonyesha. Kuna wakopeshaji wanaoipiga juu ya mkopo wa mwanzo mpaka siku ya mwisho, hata kama mmeshalipa nusu ya deni. Asilimia 12 hiyohiyo kwa mtindo huo ni milioni 24 za riba kwa miaka 20, na rejesho la 141,667. Mtindo huu hukutwa zaidi kwenye mikopo midogo ya muda mfupi, kwa hiyo mkija kutaka kukopa kidogo cha ziada cha kumalizia ukuta au paa, hapo ndipo mtege sikio.

Gharama nyingine nitazipitia upesi maana wifi anazijua kuliko mimi: ada ya maombi, mthamini, mwanasheria, ushuru wa stempu, usajili wa rehani kwenye hati, bima ya nyumba, bima ya maisha ya kulinda mkopo. Mbili za mwisho huweza kujirudia kila mwaka, na mara nyingi benki inataka uzikate kwa kampuni inayoitaka yenyewe, kwa hiyo ulizeni kama mnaruhusiwa kutafuta ya bei nafuu. Lakini angalieni jambo moja: wakiwaambia "msihangaike, ada tutaziingiza humohumo kwenye mkopo", kataeni mkiweza. Ada ya 300,000 ikiingizwa ndani ya mkopo wa miaka 20 kwa asilimia 12, mtakuja kuilipa kama 793,000. Na baada ya yote hayo, paa likivuja, fundi ni wenu. Mwenye nyumba wa kumpigia simu hayupo tena.

Kwa sababu hizo, mkilinganisha benki mbili msiishie kwenye riba iliyoandikwa kwa herufi kubwa. Yenye asilimia 11.5 na ada nyingi inaweza kuwa ghali kuliko ya asilimia 12 isiyo na ada. Marekani kuna sheria ya mwaka 1968 inayomlazimu mkopeshaji amwonyeshe mkopaji kwa maandishi gharama ya mkopo pamoja na kiwango cha riba cha mwaka kinachojumuisha na ada nyingi. Ninyi ombeni tarakimu moja tu kutoka kila benki: mpaka siku ya mwisho, tutakuwa tumetoa kiasi gani, kila kitu ndani? Wakisita kuiandika, hilo nalo ni jibu.

Usidhani nawakatisha tamaa. Kodi ya pango nayo inakwenda na hairudi, na inapanda. Tena milioni 26 za kulipwa kidogo kidogo kwa miaka 20 si sawa na milioni 26 za leo. Kama riba imefungwa na mishahara inapanda na maisha, rejesho lilelile la 110,109 litawauma sana mwaka wa kwanza na litakuwa jambo dogo mwaka wa 18. Hiyo ni faida ya kweli ya kukopa kwa riba isiyobadilika, na benki inaijua, ndiyo maana aghalabu huipendelea ile inayobadilika. Kwa mtu anayetaka kukaa mahali pamoja muda mrefu, mwenye kipato cha kueleweka, mkopo wa nyumba ni njia halali ya kupata kwake. Ninachokataa ni kuununua kwa bei ambayo hakuna aliyewatajia.

Sasa lile la kuwashika mkono.

Sitachangia rejesho la kila mwezi. Nikifanya hivyo, mtachukua mkopo unaosimama kwa mguu wangu, na siku mguu huo ukiteleza nyumba inapigwa mnada. Chukueni mkopo ambao mishahara yenu miwili inaubeba yenyewe, hata kama ni nyumba yenye chumba kimoja pungufu. Changu nitakileta mwanzoni, kwa mkupuo. Rudi kwenye mstari wa kwanza wa jedwali uone kwa nini. Mkiongeza 100,000 mwezi wa kwanza juu ya rejesho, zote zinakwenda kwenye deni, na zinafuta marejesho kama tisa ya mwishoni, karibu milioni nzima. Laki hiyohiyo mkiiongeza umebaki mwaka mmoja, inawaokolea elfu kumi na mbili au kumi na tatu hivi. Kwa hiyo nilichokuwa nimepanga kuwatumia kwa vipande miaka mingi, bora niwape mapema, kikaingia kwenye malipo ya awali ili mkope kidogo, au kikapunguza deni mwaka wa kwanza.

Ila kwanza nenda benki ukaulize mambo mawili, na ukitaka jibu, litake kwa maandishi. La kwanza: je, kuna adhabu ya kulipa kabla ya wakati, na ni kiasi gani? La pili: mteja akileta fedha ya ziada, wanaipunguza kwenye deni siku hiyohiyo, au wanaihesabu kama marejesho ya miezi ijayo yaliyolipwa mapema? Watu wengi hawalijui hili la pili. Wakiihesabu kama rejesho la mapema, deni halijapungua na riba inaendelea kupigwa palepale. Pengine kuna fomu ya kujaza ili ipunguze deni. Ijaze, na ubaki na nakala yenye mhuri.

Zungumza na wifi juu ya miaka 15. Mkiona inawabana, chukueni 20 lakini lipeni kama vile ni 15 kila mwezi mnapoweza, ilimradi benki haitozi adhabu kwa hilo. Hapo mkipata mwezi mbaya mnarudi kwenye rejesho la chini bila kuomba ruhusa ya mtu. Mimi ningechagua hivyo. Miaka 30 tafadhali mwachieni afisa mikopo.

Jedwali likipatikana, lipige picha kurasa zote pamoja na ukurasa wa masharti wenye maandishi madogo, unitumie. Nitalisoma usiku nikitoka kazini na Jumapili tutaongea sote watatu, wifi naye awepo kwenye simu, maana sahihi ni mbili.

Wasalimie wote nyumbani.

Dada yako