Taarifa ya Mwaka ya Mwenyekiti: Miamba Iliyopigwa na Vimondo

Ndugu wanachama,

Ya fedha atayaeleza mweka hazina; mimi nitasema tu kwamba hatudaiwi. Muda mwingi wa kamati umekwenda kwenye suala mlilotuachia katika mkutano uliopita: ni jiwe lipi liandikwe kwenye daftari la mkusanyo kuwa limepigwa na kimondo.

Kwanza, shimo la mviringo peke yake si ushahidi. Volkano huchimba mashimo ya namna hiyo, na ardhi ya chokaa ikiliwa na maji chini kwa chini nayo hutitia. Tena mashimo makongwe yamekwisha kufutika. Kule Vredefort, Afrika Kusini, kimondo kilianguka miaka ipatayo bilioni 2 iliyopita; kinachoonekana leo ni mizizi tu ya kasoko, yaani ya shimo lililochimbwa na pigo hilo.

Alama ya uhakika inayoonekana bila hadubini ni koni za mpasuko. Wimbi la mshtuko linapopita ndani ya mwamba huupasua kwa umbo la koni, na ubavuni hubaki mifereji myembamba inayoanzia kileleni na kutawanyika kama mkia wa farasi. Ukipitisha kidole unaihisi. Kwenye chokaa ya punje laini hutokea safi kabisa. Kwenye itale (graniti), yenye punje kubwa, huwa hafifu, na hapo ndipo ubishi wetu mwingi ulipozuka.

Koni hizi zilielezwa mwaka 1905 huko Steinheim, Ujerumani, zikadhaniwa ni kazi ya volkano. Mwaka 1947 mwanajiolojia Robert Dietz alitazama zile za Kentland, Marekani. Tabaka za mwamba zimepinduka, lakini ukizirudisha kimawazo zilivyolala zamani, vilele vya koni vinaelekea juu. Basi pigo lilitoka juu, si chini. Hoja hiyo naihusudu hadi leo: hakuhitaji mtambo wowote.

Wapo wanaolalamika kuwa tumekaza mno. Ni kweli, na tutaendelea kukaza, maana hata upepo wa mchanga huchora mistari juu ya mawe, ila hiyo haiingii ndani. Penye shaka, kipande kitakatwa chembamba na kupelekwa kwenye hadubini kutafuta nyufa sambamba ndani ya madini ya kwatzi, ambazo nazo ni alama ya mshtuko.

Mwenye jiwe amkabidhi katibu, pamoja na picha ya mahali alipoliokota, na asiligonge nyundo. Ya Vredefort hatupokei kabisa: eneo hilo ni Urithi wa Dunia tangu 2005.

Mwenyekiti