Mapatano ya mwenye nyumba na mpangaji: yanayoshika na yanayovunjika

Karatasi mliyoitia sahihi mbele ya keyateka, hata chifu akiwa shahidi, haimtoi mtu nyumbani. Mpangaji akikaidi, mwenye nyumba analazimika kwenda kortini kuanza mwanzo. Kufunga mlango kwa kufuli jipya, kukata stima au kung'oa mabati bila amri ni kujitafutia kesi ya pili. Maelewano yaliyoingizwa kwenye faili ya kesi na kuidhinishwa na mahakama yana nguvu sawa na hukumu: yakikiukwa, kinachofuata ni utekelezaji.

Kwanza hakikisha kesi iko panapostahili. Duka la Gikomba au Kirinyaga Road jijini Nairobi lisilo na mkataba wa maandishi, au lenye mkataba usiozidi miaka 5, liko chini ya Sura ya 301, yaani sheria ya Kenya ya upangaji wa maduka, hoteli na mikahawa, na mzozo wake husikizwa na jopo la kodi za majengo ya biashara. Notisi ya kumtoa mpangaji huyo haipungui miezi 2, na huandikwa kwenye fomu iliyowekwa na sheria. Akitaka kuipinga, apeleke shauri kwa jopo kabla ya siku ya notisi kufika. Nyumba za kuishi za kodi isiyozidi Sh2,500 kwa mwezi zina jopo lake (zimebaki chache mno jijini). Nyinginezo, za Umoja au Roysambu, huenda kwa hakimu au, kulingana na thamani, Mahakama ya Mazingira na Ardhi. Kosa la kupeleka kesi pasipostahili hugharimu sana, maana makubaliano ya pande mbili hayawezi kuipa mahakama mamlaka isiyokuwa nayo. Unaweza kuwa na amri nzuri iliyopigwa muhuri, kisha ikatupwa.

Sasa hesabu. Chukua kodi ya Sh18,000, deni la miezi 5, yaani Sh90,000. Dipoziti ya Sh18,000 inakatwa humo, linabaki Sh72,000. Mwenye nyumba anasamehe Sh12,000 ili apate nyumba mapema, na Sh60,000 zilizobaki zinalipwa Sh10,000 kila tarehe 5 kwa miezi 6. Andikeni tarehe ya kutoka, saa, nani anapokea funguo, namba ya paybill, na nani analipa bili ya maji na gharama za kesi. Maneno kama "atalipa mapema iwezekanavyo" hayatekelezeki; hakuna hakimu atakayejua ni lini yamevunjwa.

Kifungu kinachobeba mkataba wote ni cha kukiuka, na ndicho watu husahau. Kiseme kwamba awamu moja ikipita siku 7 bila kulipwa, msamaha wa Sh12,000 unafutika na deni lote lililobaki linadaiwa mara moja. Na kwamba mpangaji asipotoka siku iliyotajwa, anaweza kuondolewa bila kesi mpya, OCS, yaani mkuu wa kituo cha polisi cha karibu, akisimamia usalama. Mpangaji naye ana la kudai: asisumbuliwe kabla ya tarehe hiyo, na vitu vyake visishikwe na dalali maadamu analipa. Kifungu kinachomlinda upande mmoja tu ndicho kinachorudisha watu kortini.

Mtego mwingine ni wa mwenye nyumba kuendelea kupokea pesa baada ya tarehe ya kutoka na kuandika "kodi" kwenye risiti. Mpangaji atadai kwamba upangaji mpya umeanza, na hoja hiyo si ya kupuuzwa. Risiti iseme ni fidia ya kukaa bila idhini.

Soma kila mstari kabla ya sahihi. Amri ya maelewano haitenguliwi kwa sababu umejuta. Mpaka uonyeshe ulaghai, njama, jambo la msingi lililofichwa, au sharti linalokwenda kinyume na sheria.

Tunaandika rasimu, tunakaa na pande zote mbili, na wakili anaifikisha kortini. Kesi ikipelekwa kwa msuluhishi wa mahakama, hupewa siku 60, kwa hivyo hesabu za deni ziwe tayari mapema. Njoo na notisi uliyopewa au uliyotoa, mkataba kama upo, taarifa ya M-Pesa ya kodi, na nakala ya kitambulisho. Kama jengo limesajiliwa kwa jina la kampuni au liko mikononi mwa ajenti, leta barua ya kumpa anayetia sahihi mamlaka hayo.