Mwalimu, usiyafungie yale maandishi kabatini

Montreal

Mwalimu wangu mpendwa,

Salamu nyingi kutoka huku kwenye baridi. Mimi ni mzima, watoto nao hawajambo, na ninatumaini wewe na Mama mnaendelea vizuri. Barua yako ndefu imenifikia. Nimeisoma mara mbili, na mara ya pili nilikuwa na hasira. Si kwako. Ni kwa huyo mkubwa wako wa idara aliyekuambia kwamba makala za nyota unazowaandikia vijana kwa Kiswahili ni kupoteza muda, kwamba hazimpandishi mtu cheo, na kwamba ungoje uwe profesa kwanza. Kilichoniuma zaidi ni ulivyomalizia: umeyakusanya yote ukayafungia kabatini.

Naomba unisikilize nikueleze habari za mtu mmoja wa mji huu, kisha uamue mwenyewe.

Hubert Reeves, mwanafizikia wa nyota, alizaliwa hapa Montreal tarehe 13 Julai 1932, akafariki Paris mwezi Oktoba 2023 akiwa na miaka 91. Watu wa huku wanamkumbuka kwa ndevu zake nyeupe na sauti yake ya upole, akieleza mambo ya mbingu kwenye televisheni na redio kama babu anayeongea na wajukuu. Lakini wengi wanaompenda hawajui alikuwa akifanya nini miaka yote kabla ya hapo, na hiyo ndiyo sehemu ninayotaka wewe uijue, maana mkubwa wako angemwona huyu mzee angesema ni mtu wa televisheni tu.

Shahada ya kwanza aliipata Université de Montréal, ya uzamili chuo kikuu cha McGill, halafu akavuka mpaka kwenda chuo kikuu cha Cornell, Marekani, akamaliza uzamivu mwaka 1960. Msimamizi wake alikuwa Edwin Salpeter, yule aliyeonyesha mwaka 1952 jinsi viini vitatu vya atomu za heliamu vinavyoungana ndani ya nyota zilizozeeka na kuzaa kaboni. Kwa hiyo Reeves aliingia kwenye fani wakati swali lenyewe likiwa bado la moto: hivi vitu vyote vimetoka wapi? Alifundisha fizikia hapa Montreal kwa miaka michache huku akiwa mshauri wa NASA, shirika la anga la Marekani, kisha mwaka 1965 akachukuliwa na CNRS, taasisi ya taifa ya utafiti ya Ufaransa. Huko ndiko alikofanyia kazi maisha yake yote yaliyobaki.

Sasa nivumilie, najua wewe unayafundisha haya. Kaboni, oksijeni, chuma, vyote vinapikwa na nyota. Ila kulikuwa na elementi tatu zilizokataa kuingia kwenye hesabu hiyo: lithiamu, beriliamu na boroni. Viini vyake ni dhaifu. Ndani ya nyota, joto likifika digrii milioni chache tu, protoni zinavivunja. Nyota inavila, haivizai. Na bado vipo, kidogo sana lakini vipo. Mwaka 1970 Reeves, pamoja na William Fowler na Fred Hoyle, walichapisha maelezo yao kwenye jarida la Nature: vinatengenezwa nje ya nyota kabisa, kwenye ule uwazi wa baridi ulio kati yake, pale miale ya kosmiki, yaani chembe zinazopita angani kwa kasi kubwa mno, inapogonga viini vya kaboni, naitrojeni na oksijeni na kuvipasua. Yaani havikujengwa kwa kuunganisha vidogo, bali ni vibanzi vilivyoruka kama kwenye karakana ya seremala. Baadaye ilionekana kwamba lithiamu ina vyanzo vingine pia, lakini kwa beriliamu maelezo yale yamesimama mpaka leo.

Halafu kuna kazi ninayoipenda kuliko zote. Julai 1969, wanaanga wa Apollo 11 walipotua mwezini, Buzz Aldrin alisimika karatasi ya alumini ikaelekea jua. Ilibuniwa na wanafizikia wa Chuo Kikuu cha Bern, Uswisi, wakiongozwa na Johannes Geiss. Ilikaa dakika 77 ikinasa chembe za upepo wa jua, yaani zile zinazotiririka kutoka kwenye jua, ikakunjwa, ikarudishwa duniani. Safari zilizofuata zilirudia jaribio hilo kwa muda mrefu zaidi. Ndani ya karatasi zile wakapima heliamu-3, aina nyepesi ya heliamu. Hapo ndipo Geiss na Reeves walipokaa na kufikiri. Jua lilipokuwa changa lilichoma hidrojeni nzito yake yote (hidrojeni yenye neutroni moja ya ziada) ikawa heliamu-3, kwa hiyo ukijua heliamu-3 ya upepo wa jua unaweza kukadiria hidrojeni nzito iliyokuwepo jua lilipozaliwa. Na hidrojeni nzito ilitengenezwa katika dakika za kwanza za ulimwengu tu. Kadiri maada ilivyokuwa imesongamana zaidi wakati ule, ndivyo hidrojeni nzito iliyosalia ilivyokuwa ndogo. Mwaka 1972 wakatoa hesabu yao: maada ya kawaida iliyomo ulimwenguni ni kidogo mno, haitoshi kuuzuia ulimwengu usiendelee kutanuka. Kipande cha alumini kilichosimama mwezini kwa dakika 77, na mtu anakitumia kuupima ulimwengu mzima! Nikikumbuka habari hii hata leo nasisimka.

Ndipo mwaka 1981, akikaribia miaka hamsini, akatoa kitabu kwa watu wa kawaida. Kilisomwa sana Ufaransa na huku Quebec. Kinaanza na chembe za mwanzo kabisa, kinapanda hadi viini, atomu, molekuli, chembe hai, mpaka kwetu sisi. Angalia vizuri, Mwalimu: hilo ni lile lile swali la tasnifu yake. Hakuacha sayansi akaenda kutafuta umaarufu. Alilichukua swali lililomkosesha usingizi tangu Cornell akawapa watu wote. Na mwaka 2001, akiwa ameshajulikana kwa vitabu, yeye na Geiss walipewa Medali ya Albert Einstein inayotolewa huko Bern. Vitabu havikuifuta kazi yake ya utafiti.

Jambo jingine ninalotaka ulione ni lugha. Makala ile ya 1970 iko kwa Kiingereza. Tasnifu yake ni ya Kiingereza. Lakini alipotaka kuongea na watu aliandika Kifaransa, lugha ya nyumbani kwake, na ingawa alikaa Ufaransa zaidi ya nusu karne, lafudhi yake ya Quebec hakuiacha. Wafaransa waliipenda. Wewe unafanya hivyo hivyo: takwimu zako unaziandika kwa Kiingereza kwa ajili ya majarida, na jioni unawaeleza watoto wa Kidato cha Tatu kwa Kiswahili ambacho hata bibi zao wangekielewa. Sioni aibu iko wapi.

Sitaki kukudanganya, hata hivyo. Reeves alikuwa na ajira ya kudumu ya utafiti kwenye taasisi ya serikali. Wewe una vipindi, mitihani ya kusahihisha, uzamivu ambao haujaisha, na mkubwa anayehesabu machapisho yako. Hali hazifanani. Kwa hiyo sikuambii uache tasnifu ukaandike. Imalize, tena haraka. Ninachokuombea ni makala moja kwa mwezi, fupi, hata ya kurasa mbili, na usimwombe mtu ruhusa kwa kitu unachokiandika usiku nyumbani kwako.

Miaka ya uzeeni aligeukia zaidi viumbe na mazingira, akaongoza jumuiya ya kulinda wanyamapori huko Ufaransa. Wapo wanaoweza kuona hapo aliiacha njia. Mimi naona alikuwa kwenye njia ile ile. Mtu anayejua kaboni ya bawa la kipepeo ilihitaji nyota ngapi kuzaliwa na kufa, atakaaje kimya kipepeo huyo akitoweka?

Sasa nije kwenye kilichonifanya nichukue kalamu usiku huu. Ile makala yako ya Kilimia, uliyoianza na maneno ya wazee kwamba kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, ina pengo moja na nadhani nimepata cha kulijaza. Uliandika kwamba Kilimia ni kundi la nyota changa, lakini hukueleza tumejuaje. Ni ile lithiamu ya Reeves! Kwenye kundi lile, vijinyota vidogo kabisa bado vina lithiamu kwa sababu ndani yake hakujapata joto la kutosha kuila, na vikubwa kidogo vimeshaimaliza. Wanaastronomia wanatafuta mpaka kati ya hivyo viwili, na mpaka huo ndio unaowapa umri: miaka milioni mia moja na kitu. Hapo mkulima wa pwani anayeangalia Kilimia apande lini, na mwanafizikia anayetafuta alama ya lithiamu kwenye mwanga wake, wanaangalia kundi lile lile. Aya tatu zinakutosha. Usiweke mlinganyo hata mmoja, ila weka mchoro wa mahali pa kukitazama, upande gani na mwezi gani, ili mtoto atoke nje akitafute mwenyewe.

Nitumie hiyo kwanza, hata kama haijakaa sawa. Nitaisoma kwa sauti mbele ya wanangu na kukuandikia kila mahali watakapouliza swali. Zile nyingine za kabatini nazo nizione kabla ya Pasaka, na ile ya mwezi kupatwa usiikate tena, ilikuwa nzuri ndefu vile vile.

Msalimie Mama sana, na vijana wako wa darasani.

Ni mimi rafiki yako wa tangu bweni.