Mwambie Mzee nimemwona twiga aliyeketi

Tabata, Dar es Salaam
Jumapili jioni

Tumaini mwenzangu,

Kamwene! Hamjambo hapo Kihesa? Watoto je, na baridi hiyo ya mwezi wa nane? Sisi huku wazima, joto limelegea kidogo na umeme leo upo. Kabla hujaanza kunigombeza: najua. Sijaandika tangu mlipohama, sijapiga simu tangu Pasaka, na ahadi yangu ya harusi ya Kelvin bado inasoma kwenye daftari la mweka hazina wakati maharusi wenyewe wameshapata mtoto. Salome anapanda basi kesho alfajiri, nimempa barua hii na elfu hamsini ndani yake. Ihesabu mbele yake. Unamjua.

Lakini si deni lililonikalisha mezani. Ijumaa, siku ya Nane Nane, nimekwenda kutalii hifadhi ya Mikumi.

Haya, cheka umalize. Mikumi! Sisi tuliopita pale tangu tumebebwa mgongoni, tukalala pale, tukatapika pale (wewe, kwenye kofia ya kondakta, na hela ya kuifua akalipa mama yangu). Kila Desemba kwenda, kila Januari kurudi. Mtu akiniuliza kama naijua Mikumi namjibu bila kufikiri, naijua. Kumbe nilikuwa naijua kama unavyoijua nyumba ya watu kwa kupita barazani.

Ilikuwa ni mpango wa Mama Kulwa na kikundi chetu. Mwaka huu tuligoma kula fedha za mwisho wa mzunguko kwa vitenge, tukasema tutembee. Laki moja na tisini kila mtu: treni, gari la kutalii, kiingilio, mwongozaji na chakula cha mchana. Hicho chakula nitakirudia, nina kinyongo nacho.

Saa kumi na moja alfajiri tulikuwa stesheni tumevaa kofia kama Wazungu. Mama Kulwa amebeba mfuko wa machungwa. Nani anabeba machungwa kwenda Morogoro, nakuuliza? Treni ikaondoka saa kumi na mbili kamili, na saa mbili haijafika tukawa tumeteremka Morogoro. Unakumbuka tulivyokuwa tukikesha Chalinze? Hii ya umeme inapita kama haimjui mtu. Kwenye kioo kile cha behewani wameandika mwendo, nikaona kilometa 160 kwa saa, nikafumba macho nikasali Baba Yetu yote.

Morogoro imefurika watu wa maonesho. Gari likatuchukua, Msamvu, Mzumbe, Melela, Doma, njia ile ile yetu. Baada ya Doma vibao vikaanza: punguza mwendo, matuta, usitupe chakula. Na lile bango la faini za kugonga wanyama bado lipo, kila mnyama na bei yake kwa dola. Unakumbuka tulipomuuliza Mzee bei yetu sisi, akasema sisi tungeuzwa kwa jumla?

Tumaini, tulipoingia geti la Kikoboga nilitegemea kuona mambo mapya. Jambo la kwanza lililonishika halikuwa mnyama. Tumeiacha lami dakika kumi hivi, mwongozaji akazima injini, kila mtu kimya, nyasi zimekauka rangi ya mkate, na mbele yetu pundamilia kama thelathini wamesimama tu. Halafu nikasikia honi. Kugeuka, kule mbali kwenye barabara basi la Mbeya linapita, vichwa vimebanana madirishani, mikono inanyoosha vidole upande wetu. Wanatuonyesha! Nikajiona mle ndani, dirisha la tatu, na wewe umenikalia mapajani. Pundamilia wala hawakugeuka. Kumbe miaka yote ile sisi ndio tulikuwa tunapita, wao wako kwao.

Sasa nisikilize, maana hapa ndipo penyewe.

Kwenye uwanda wa Mkata, mbele ya bwawa la viboko, kijana aliyekuwa akituongoza akapunguza mwendo akasema kwa sauti ndogo, "Angalieni chini ya ule mgunga, msielekeze macho juu." Mimi nikaona kisiki. Salome akaona nyoka, yeye kila kitu ni nyoka. Halafu kisiki kikachezesha sikio. Alikuwa twiga, Tumaini. Ameketi. Ameketi chini kabisa, tumbo kwenye vumbi, shingo imesimama juu ya nyasi kama mlingoti. Miguu ya mbele ameikunja chini ya kifua, wa nyuma mmoja ameutupa upande. Wenzake wawili wamesimama karibu, mmoja anatutazama sisi na mwingine anatazama kwingine.

Kama mama mkwe mkekani ugenini. Maneno ya Mzee. Neno kwa neno.

Nilihisi masikio yananiwaka. Ulikuwapo siku ile Mlandege, au ulikuwa jikoni na bibi? Mimi nilikuwa darasa la nne. Mzee amerudi kutoka Tunduma na lori lake, ameshusha vitunguu vya Ruaha Mbuyuni, watu wamejaa uani, kahawa inazunguka. Akaanza: alfajiri moja nimefika Mikumi, namkuta twiga ameketi kando ya njia kama mama mkwe mkekani, anatafuna, na shingoni kitu kinapanda kama ndoo inavyopanda kisimani. Na mimi, mdomo wangu huu, nikasimama mbele ya wageni nikasema, "Mwalimu wetu amesema twiga hulala amesimama, akiketi hawezi kuinuka." Watu walicheka mpaka kahawa ikamwagika. Mzee akaniuliza taratibu, "Mwalimu wako ameona twiga wangapi, mwanangu?" Lakini hakuna aliyemsikia, maana Mjomba Edgar alikuwa ameshapata jina. Mzee Twiga. Mpaka leo pale Mlandege vijana wasiojua hata lilianzia wapi wanamwita Mzee Twiga.

Jina lile nililizaa mimi, Tumaini.

Na ile ndoo ni kweli pia. Tulikaa pale robo saa. Unaona shingo imetulia, halafu kutoka kifuani kitu kama ngumi ya mtoto kinaanza kupanda ndani ya ngozi, kinapanda, kinapanda, shingo yote ile, kinapotelea taya. Anatafuna, taya linakwenda upande kwa upande, macho ameyalegeza. Anameza, kinashuka. Kimya kidogo. Kingine kinapanda. Kijana akasema anacheua, kama ng'ombe, ila kwake njia ni ndefu ndiyo maana unaiona safari yenyewe. Nikamuuliza, na kulala? Akasema hulala vipande vipande, akisimama na akiketi, na usingizi ukimzidi kabisa hupindisha shingo akalaza kichwa juu ya kiuno chake, dakika chache tu, kwa sababu akiwa chini simba anamuwahi. Ndiyo maana wenzake wale hawakuketi. Nikamuuliza tena, hivi dereva wa lori angeweza kumkuta hivyo barabarani? Akanitazama kama nimemuuliza kama mvua hulowesha. "Mama, hiyo barabara imepita katikati ya hifadhi kilometa kama hamsini. Ukipita alfajiri kabla magari hayajawa mengi unakuta mengi."

Salome akashtuka akatafuta simu. Alipoipata, twiga naye akaamua kuinuka. Alirusha shingo mbele kwanza, akapiga magoti ya mbele, nyuma ikapanda, kisha mbele nayo ikafuata, akawa juu ya miti. Picha iliyotoka ndiyo hiyo ndani ya bahasha: makalio juu, magoti chini. Nimeitoa studio makusudi. Ya ameketi hatuna. Mashahidi ni mimi, Mama Kulwa na Salome, na Salome atakuapia kwamba alikuwa nyoka.

Mengine nikupitishie haraka. Tembo, wengi, na mtoto mmoja aliyekuwa hajui aufanyie nini mkonga wake. Nyati kwa mbali. Simba tulionyeshwa mkia, mwili wote kichakani, Mama Kulwa akasema kwa laki moja na tisini alitaka na kichwa. Viboko walikuwa wanakoroma na kunuka. Mbung'o hawakucheza: tuliambiwa tusivae bluu iliyokolea wala nyeusi, Salome akaja na jinzi. Vile vitambaa vya bluu na nyeusi vilivyotundikwa mitini, tulivyokuwa tukidhani ni nguo za watu, ni mitego ya mbung'o. Salome naye amekuwa mtego, muulize akuonyeshe mapaja. Na mikumi, mti wenyewe, ule mrefu uliovimba kiunoni, ndio uliotoa jina. Miaka yote napita sikuwahi kuuliza. Hifadhi ilianzishwa mwaka 1964, ina kilometa za mraba 3,230, na sisi siku nzima tulikwaruza kona moja tu.

Ila nyani nao wamenitia aibu. Wanakaa kando ya lami wanayakodolea macho mabasi, na kijana anasema ni sisi tuliowazoesha, wa ndizi na mahindi ya dirishani. Wanakimbilia chakula wanagongwa. Nikakumbuka mahindi yangu ya kuchoma nikanyamaza.

Sasa kinyongo. Kampuni siitaji, maana mwenyewe anasali na Mama Kulwa. Chakula cha mchana kilikuwa paja moja la kuku lililolala, wali wa baridi na soda moja watu wawili. Watu wawili! Yale machungwa tuliyoyacheka ndiyo yaliyotuokoa. Halafu wakati wa kurudi, hatujafika Doma, pancha. Wakatoa tairi la akiba, nalo halina upepo. Dereva anapiga simu, mtandao unakuja unaondoka, jua linazama, na sisi wanawake tisa tumesimama kando ya barabara tunahesabu malori. Tulipofika Morogoro treni ilishatuacha. Tukashuka Msamvu, kila mtu kwa nauli yake, basi la usiku hadi Mbezi. Nimeingia nyumbani saa saba usiku, shemeji yako amenifungulia mlango bila neno, na neno lake nalijua.

Lakini unajua pale kando ya barabara, wenzangu wanalalamika, mimi nilikuwa nayatazama malori. Yanatoka Tunduma, yamefunikwa maturubai, taa zimewashwa. Mzee alikaa miaka mingapi kwenye njia ile? Ishirini? Nikawa najiuliza aliona nini tena ambacho hakutuambia. Maana ninavyokumbuka, baada ya siku ile hakusimulia tena ya Mikumi. Ya Kitonga alisimulia, lile lori lililokatika breki. Ya foleni ya mpakani pia. Mikumi hapana. Au nakosea? Wewe ndiye uliyekuwa unalala nyumba moja naye.

Ningeweza kumpigia. Nimeshika simu jana mara mbili. Lakini kwenye simu atasema "haya, haya, mwanangu, salimia" atakata, unavyomjua na salio. Na ujumbe wa sauti anasema ni mtu kuongea na ukuta. Ndiyo nikaona niandike, umsomee. Msomee kuanzia pale kwenye mgunga, usimsomee pa kofia ya kondakta. Mpe shikamoo yangu kwanza. Mwambie yule mtoto wa darasa la nne amekwenda kuona mwenyewe, na anaomba msamaha, miaka thelathini na mbili imepita lakini anaomba. Usicheke unapomsomea.

Sasa nijibu, tena usinijibu kwa vidole vya emoji. Macho yake yanaendeleaje, ule mtoto wa jicho walishamtoa au bado wanampa tarehe? Anaweza kuiona picha au itabidi umweleze? Magoti yanamruhusu kukaa garini saa tatu, nne? Nauliza kwa sababu Desemba nakuja, na kutoka Iringa mnateremka tu Kitonga, Ruaha Mbuyuni, mmefika. Mimi nakutana nanyi getini. Atakubali, unafikiri? Au atasema hawezi kulipia kiingilio kuwatazama wanyama waliokuwa wakimzibia njia? Jina lile linamuudhi mpaka leo, au ameshalizoea? Mjomba Edgar bado yupo Mlandege, na yeye nimwandikie? Na Kelvin mtoto wamemwita nani?

Salome anabisha hodi, na mabegi matatu kwa safari ya siku nne. Mzee akiuliza nililipa shilingi ngapi kumwona twiga wake, mwambie nilipewa lifti.

Wako,
Rehema