Shukrani kwa wote mliochangia matibabu ya shingo ya baba

Ndugu, jamaa, marafiki na wanaraga wote,

Mama na sisi watoto tunatoa shukrani za dhati kwa kila aliyetushika mkono kwa hali na mali tangu tulipotangaza mchango. Upasuaji ulikwenda salama na mzee yuko nyumbani. Hatuwezi kumtaja kila mmoja kwa jina, ila mnastahili kujua mchango wenu umefanya nini.

Diski iliyo kati ya pingili mbili za shingo ilichakaa, ikatokeza na kubana mshipa wa fahamu uendao mkono wa kulia. Ganzi ilianzia kwenye kidole gumba, ikapanda mkono, mwisho akawa hawezi kufunga kifungo cha shati. Madaktari walipitia mbele ya shingo, wakaitoa diski hiyo, wakajaza nafasi yake, kisha wakaziunga pingili hizo kwa bamba dogo na skrubu. Kumeza kulimsumbua mwanzoni, jambo la kawaida kwa upasuaji wa njia hiyo. Kwa daktari na wauguzi waliotueleza kila hatua bila kuchoka, asanteni sana.

Waliomwona baba akiichezea timu ya taifa wanakumbuka jezi namba 3 ya raga, yaani propu wa upande wa kulia wa safu ya mbele katika skramu, pale wachezaji wanane wa kila timu wanaposhikana na kusukumana kugombea mpira. Propu wa namba 1, yule wa kushoto, upande wake mmoja wa kichwa uko huru. Namba 3 anaingiza kichwa kati ya huka wa wapinzani (huka ni mchezaji wa katikati ya safu ya mbele) na propu wao, kwa hiyo anabeba mzigo kwa mabega yote mawili huku wenzake wakimsukuma kwa nyuma. Kwa sehemu kubwa ya maisha yake uwanjani, safu mbili za mbele zilikuwa zinaachiana nafasi kisha zinavamiana kwa kishindo. Kanuni ya mwaka 2013 iliwataka mapropu wakamatane jezi kwanza, na vipimo vya watafiti vikaonyesha nguvu ya ule mgongano imepungua kwa karibu robo. Mabadiliko hayo yalikuja baba akiwa ameshatundika viatu.

Kama shingo hiyo ilidumu hadi uzeeni, ni kwa sababu yenu mliocheza naye. Asanteni mahuka mliomkumbatia kwa nguvu hata nyonga zenu na zake zikawa kitu kimoja, maana pakibaki mwanya hapo, propu wa upande wa pili hupenyeza kichwa na kumpinda mtu kiunoni. Asanteni maloki, wasukumaji wa safu ya pili, mliosukuma mkiwa mmenyooka. Loki akisukuma mshazari, mgongo wa propu ndio unaolipa. Asante kwako uliyekuwa propu wa akiba na kuingia mapema siku alizochoka, kwani propu aliyechoka hushusha mabega bila kujua. Na nyinyi marefa mliopuliza filimbi mara tu skramu ilipoporomoka, Mungu awazidishie. Hapo ndipo shingo huvunjika: kidevu kimegusa kifua, kichwa kiko chini, na mzigo wa nyuma bado unakuja.

Makocha wa vijana mmeuliza mchangie nini zaidi. Tunawaomba hili. Msimpange kijana safu ya mbele kwa sababu tu ni mnene. Afundishwe kwanza: miguu upana wa mabega, magoti yamekunjwa, mgongo bapa, mabega yasishuke chini ya nyonga, kidevu mbali na kifua, macho mbele. Aanze skramu na mtu mmoja, kisha watatu, ndipo wanane. Na shingo ifanyiwe mazoezi msimu mzima: mwenzake amsukume kichwa taratibu kwa kiganja, mbele, nyuma na pande zote mbili, naye akaze asisogee. Mazoezi haya hayahitaji kifaa chochote, na inatuuma kuona yakiachwa.

Mchango sasa umefungwa. Tafadhali msitume tena. Kiasi kilichobaki kitalipia mazoezi ya viungo, kwa sababu vidole bado havijarudisha nguvu zote. Wanaopenda kuja kumwona wanakaribishwa, wapige simu kwanza kwa mama. Bado amevaa kola ya shingo na mkono wa kulia haujapata nguvu, hivyo mpeni mkono wa kushoto, na wenzake wa zamani, tunawasihi, msimpige mabegani kama mlivyozoea.

Ni sisi, familia.