Kwako uliyekwama kabla ya Namek

Tanga, Jumapili usiku

Kaka,

Mimi ni mzima wa afya, hofu na mashaka ni kwako wewe uliye mbali na upeo wa macho yangu. Nimeona nianze hivyo, kama tulivyofundishwa shuleni, maana ule ujumbe wako wa sauti wa dakika sita haukuwa na hata salamu. Malalamiko mwanzo mwisho.

Nimeusikiliza mara mbili. Umenunua Dragon Ball Z: Kakarot, gemu la ile katuni ya Kijapani ya Goku, umecheza jioni nzima, na kazi uliyopewa ni kuchuma matufaha na kuvua samaki na mtoto wake, Gohan. Unataka sayari ya Namek, na Namek kwenye ramani haipo. Mwisho ukasema umepigwa. Hujapigwa, kaka. Umefika kwa watu mapema, chungu bado kiko jikoni.

Ramani ya gemu kama hili isome kama kalenda. CyberConnect2, hao Wajapani walioitengeneza ikatoka Januari 2020, wameikata Dunia vipande vipande, na kila kipande kina mlango. Funguo zote ameshika msimulizi. Kwanza nyumbani kwa Goku na hayo matufaha yako. Kisha Kame House, kisiwa cha Mzee Roshi, unakwenda kusalimia tu. Hapo ndipo Raditz, kaka yake Goku aliye adui, anapotua, na kuanzia hapo safari zako zote zinafuata msiba: Gohan anachukuliwa na Piccolo, adui wa zamani wa babake, kwenda kufundishwa porini, na Goku, akiwa marehemu baada ya pambano hilo, anaifuata Njia ya Nyoka, ile yenye kilomita milioni moja, kwenda kwa King Kai kufundishwa kupigana. Baadaye ndio Vegeta na Nappa, Wasaiya wa kabila la Raditz, wanakuja. Ukishapigana nao, na kuona wangapi wamekufa, ndipo unakuwa na sababu ya kwenda Namek, kutafuta mipira ya joka ya kuwafufua. Gemu likikufungulia Namek leo, utakwenda kufanya nini kule? Hujafiwa na mtu bado.

Nakuelewa lakini, maana sisi tuliiona hii stori kinyumenyume. Unakumbuka lile banda la video? Mabenchi ya mbao, pazia la gunia mlangoni, na jamaa wa mlangoni anayekuambia hakuna chenji. CD zake zilikuwa na vipande ishirini kila moja, na juu ameandika kwa kalamu ya wino "DRAGON 1", "DRAGON 4", "DRAGON MPYA". Hiyo 2 na 3 hatukuziona mpaka leo. Anaweka yoyote itakayokubali kusoma, akiifuta kwanza kwenye fulana yake.

Kwa hiyo tulianza na Cell, adui wa mbele kabisa kwenye stori. Mimi na wewe tulimjua Vegeta akiwa wa kwetu, mkali lakini wa kwetu. Tulimjua Trunks, mwanawe, kabla hatujajua babake alikuwa nani. Halafu siku moja jamaa akaweka ile CD ya mwanzo, Vegeta anashuka na Nappa, na Nappa ananyanyua vidole viwili, mji mzima unaondoka. Wewe ulisimama kwenye benchi ukapiga kelele kwamba CD ina makosa, wameweka sauti za watu wengine! Tukacheka, ila na mimi nilikuwa nawaza hivyohivyo. Na pale Goku alipokufa ndio kabisa. Sheria ya banda ilikuwa moja: stelingi hafi. Tukaamua yule si Goku, ni pacha wake.

Ndiyo maana nikikaa na Kakarot sioni uchovu. Ni mara ya kwanza naipata CD namba 2 na namba 3. Vegeta nimekutana naye adui, nikamchukia kama inavyotakiwa, na alipokuja kukaa upande wetu nilikuwa nimeshalipia.

Si kila gemu la katuni linafunga milango kwa akili, hilo nakubali. Chukua Legacy of Goku II ya mwaka 2003, ile ya Game Boy Advance niliyokuwa nacheza kwenye simu wakati wa mgao wa umeme. Mle kuna milango yenye namba. Levo yako haijafika ile namba, hupiti, hata kama ni Piccolo mzima aliyepigana na walimwengu. Unarudi kupiga mbwa mwitu na nyoka mpaka namba itimie. Huo ndio wizi wa muda, ungelalamikia huo ningekuunga mkono.

Au Pokémon Yellow. Yenyewe ilitoka Japani mwaka 1998 ikavalishwa nguo za katuni: Pikachu, yule mnyama wa njano, anakufuata nyuma, na wale wezi Jessie na James wanakuvamia. Lakini njia hawakuigusa. Kwenye katuni shujaa wake, Ash, anachukua beji ya ushindi ya mji wa Saffron kabla ya ile ya mji wa Celadon. Kwenye gemu huwezi kuanzia Saffron, kwa sababu askari wa getini wana kiu. Nakuapia. Wanakwambia njia imefungwa, mpaka upite mji mwingine, ufike Celadon, upande juu ya paa la duka kubwa, ununue kinywaji kwenye mashine, uwaletee. Mtoto wa Kijapani aliona ni utani. Mimi nilijua palepale, nikasema hawa wanataka hela ya soda.

Ulinitajia pia One Piece Odyssey, gemu la katuni ya Luffy na maharamia wenzake, kwamba rafiki yako amekuambia "imerukaruka". Ni kweli imeruka. Unaanguka kwenye kisiwa kipya kinaitwa Waford, binti mmoja anaitwa Lim anawanyang'anya nguvu zenu zote, na ili mzirudishe mnaingia kwenye kumbukumbu za safari za zamani: Alabasta, Water Seven, Marineford, Dressrosa. Skypiea hakuna. Thriller Bark hakuna. Lakini hivyo vituo vinne vimepangwa vilevile vilivyopangwa kwenye katuni, hakuna aliyemtangulia mwenzake. Kilichonishika mimi ni watu waliomo safarini. Unatembea mchangani Alabasta na Franky na Brook, ambao enzi hizo hawakuwa hata wanajulikana, na pembeni yako yuko Robin, ambaye mara ya kwanza alikuwepo pale upande wa adui, Crocodile. Anapita mitaa ileile aliyoipita akiwa adui, safari hii anabeba mizigo yetu. Hapo Wajapani walinipata. Marineford ndio usiniulize, unajua Luffy alimpoteza kaka yake Ace pale. Mara ya kwanza alikwenda bila wenzake, wote walikuwa wametawanyika. Kwenye gemu wapo. Nilizima runinga nikaenda kununua chipsi.

Sasa turudi Namek, na hapa nitakueleza kitu sijamwambia mtu.

Nilipofika niliganda. Anga la kijani, nyasi za buluu, miti imesimama mirefu na vichwa vya duara kama nywele za afro. Unaingia na Gohan, Goku bado yuko njiani. Nilikaa wiki mbili nazurura. Stori ilikuwa inaniita, alama iko palepale kwenye ramani, na mimi nazunguka kuvua samaki, maana nilikuwa najua kinachokuja. Hii sayari inapasuka. Ukimmaliza Frieza, yule adui mweupe, mlango unaofuata ni wa kurudi Dunia. Nikaseivu kabla ya pambano, nikasema nitaiacha hapo. Kila nikitoka kazini nawasha, naruka juu ya maji dakika kumi, nazima.

Basi mwezi uliopita mpwa wangu alikuja likizo. Darasa la sita. Narudi jioni namkuta kashika pedi, jasho linamtoka, ananiambia kwa furaha, "Mjomba, nimekusaidia, nimempiga yule mweupe!" Na kaseivu. Juu ya seivu yangu. Goku yuko Dunia, ndege wanalia, Namek imeshapasuka. Nifanyeje? Nikampongeza, nikampa hela ya aiskrimu.

Nimesikia waliongeza mashine ya wakati ya kurudia kazi ulizoziacha nyuma. Sijaijaribu. Kwenda kwa mashine naona si kufika.

Kwa hiyo vua samaki wako, kaka, usiruke maneno yao hata kama Kijapani hujui, na ukifika Namek, kabla hujamgusa Frieza, niseivie nafasi moja pembeni. Andika jina langu. Nikija Mwanza Desemba nitataka dakika kumi.

Wasalimie mama na wadogo zako. Mama yangu anauliza zile dagaa ulizoahidi.

Wako,
yule wa benchi la nyuma