Jiwe la mpaka limepasuliwa kokoto: ufanye nini kabla ya kufungua kesi ya ardhi

Mama mmoja alikuja ofisini kwetu na karatasi ya daftari iliyokunjwa mara nne ndani ya mfuko wa nailoni. Hayo ndiyo mauziano ya kiwanja chake cha Buhongwa, jijini Mwanza. Mashahidi wawili wameweka dole gumba, na mpaka wa mashariki umeandikwa hivi: "hadi jiwe kubwa." Jirani alileta vijana, wakalichoma moto lile jiwe, wakalipasua na kuliuza kokoto. Kisha akachimba msingi hatua nane ndani ya eneo la mama.

Alikuwa ameshakwenda polisi, akaambiwa hayo ni madai, si jinai. Akaenda Mahakama ya Mwanzo, akaambiwa haina mamlaka ya kusikiliza mgogoro wa ardhi. Miezi mitano ikapita, ukuta wa jirani ukafika kwenye linta. Inatuuma kuona mtu mwenye haki yake akizungushwa hivyo, na tunayaona kila mara.

Njia ni hii. Unaanzia Baraza la Kata. Tangu sheria ilipobadilishwa mwaka 2021, baraza hilo halitoi tena hukumu, linasuluhisha tu, na lina siku 30. Likishindwa linakupa cheti cha kuthibitisha kwamba usuluhishi umeshindikana. Siku 30 zikiisha bila suluhu, unaruhusiwa kuendelea hata bila cheti. Hapo unafungua shauri Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, mradi thamani ya ardhi haizidi shilingi milioni 300. Zaidi ya hapo ni Mahakama Kuu.

Wengi huangukia kwenye maelezo ya eneo. Ukiandika tu "kiwanja kilichopo Buhongwa", shauri linaweza kutupwa kabla hujasema neno, na hata ukishinda, dalali wa mahakama hatajua abomoe wapi. Kama kiwanja kimepimwa, tunaandika namba yake na kitalu. Kama hakijapimwa, tunakwenda na mpima ardhi, tunachukua vipimo vya kila kona, tunaandika majirani wa pande zote nne, minyaa, njia ya ng'ombe, chochote kisichohama. Walio ufukweni wawe makini zaidi. Tumeona mauziano yanayosema "kusini ni ziwa", na maji yalipopanda mwaka 2020 mpaka huo ukaingia ndani ya shamba. Isitoshe, Sheria ya Mazingira ya mwaka 2004 inakataza shughuli za kudumu ndani ya mita 60 kutoka ukingo wa ziwa, kwa hiyo anayekuuzia ukanda huo anakuuzia matatizo.

Suala jingine ni nani wa kushtakiwa. Ukimshtaki jirani peke yake wakati naye alinunua kwa mtu, aliyemuuzia lazima aunganishwe. Kama anayelalamikiwa ni halmashauri iliyogawa kiwanja kimoja kwa watu wawili, unatoa kwanza notisi ya siku 90, Mwanasheria Mkuu wa Serikali anaunganishwa, na shauri linakwenda Mahakama Kuu.

Usisubiri nyumba iezekwe. Pamoja na shauri lenyewe tunapeleka maombi ya zuio la muda, ili ujenzi usimame mpaka uamuzi utoke. Na miaka 12 ikipita tangu uporwe ardhi, madai ya kuirudisha yanakuwa yamepitwa na wakati.

Ukija kwetu, njoo na mauziano hata kama yamechakaa, risiti za kodi ya ardhi kama zipo, picha za ujenzi zenye tarehe, na majina ya wazee walioshuhudia ukinunua. Kama mzee mmojawapo anaumwa, tuambie siku hiyohiyo. Kwa kiwanja kisicho na hati, ushahidi wa mzee kama huyo mara nyingi ndio nguzo.

Shauri la yule mama bado halijaamuliwa. Mwezi uliopita mwenyekiti na wazee wa baraza walikwenda kuona eneo. Mzee mmoja wa mtaa aliomba jembe, akafukua karibu na ukuta mpya. Chini ya udongo, shina la jiwe lilikuwa bado lipo, jeusi kwa masizi. Mpima ardhi akaanza kuvuta futi kutoka pale.